Kukokotoa mkazo na joto kwenye kompyuta ya mezani: programu za bure zipo, ila rangi ya bluu si ushahidi

#1 Mleta mada

Wakuu, salaam.

Kila mara humu anatokea kijana aliyemaliza ufundi au uhandisi, anauliza programu gani nzuri ya kukokotoa uimara wa vyuma na mwendo wa joto. Majibu yanaishia kwenye majina makubwa na viungo vya kupakua kraki. Mimi naona kwa kazi nyingi za karakana zetu, kama stendi za tenki, fremu za mashine, mabano na oveni, kompyuta ya mezani ya kawaida na programu ya bure vinatosha kabisa. Tunachokosa ni mazoea ya kulihoji jibu. Programu hizi ukizipa modeli mbovu hazikatai, zinakuchorea picha ya kupendeza vilevile.

Chukua kalamu, turudie mfano huu pamoja.

Stendi ya tenki la lita 5,000. Miguu minne ya skwea paipu ya 50 kwa 50, unene mm 3, urefu mita 3. Chini miguu imezikwa kwenye zege. Juu jukwaa limekalia tu vichwa vya miguu, wala hakuna brasi za mshazari. Maji peke yake yana kilo 5,000, yaani niutoni 49,050. Kila mguu unabeba kama 12,260. Eneo la chuma kwenye mkato wa paipu hiyo ni mm² 564, kwa hiyo mkazo, yaani niutoni kwa kila mm², ni MPa 22 hivi. Chuma cha kawaida cha ujenzi huanza kulegea kwenye MPa 235. Ukifanya uchambuzi tuli, stendi nzima itatoka bluu, yaani rangi ya mkazo mdogo, na mgawo wa usalama utazidi 10. Mteja ukimwonyesha picha ile atafurahi.

Stendi hiyo haisimami. Mguu mrefu na mwembamba hausubiri chuma kilegee, unajipinda ubavuni ghafla na kila kitu kinakuja chini. Hesabu yake aliitoa mwanahisabati Euler karne ya 18. Kwa paipu hii I, yaani namba inayopima umbo la mkato linavyokataa kupinda, ni mm⁴ 208,500. Mguu ulioshikwa chini huku juu uko huru kuyumba unajipinda kwenye niutoni 11,400 hivi. Sisi tumeupa 12,260, tena bila kuhesabu uzito wa tenki lenyewe wala upepo.

Nawaombeni mfanye hesabu hii kwa mkono kabla ya kuwasha programu yoyote. Baadaye kwenye CalculiX, moja ya hizo programu za bure, badilisha hatua ya *STATIC (uchambuzi tuli) iwe *BUCKLE (kujipinda). Itakupa namba ya kuzidisha mzigo, na hapa inatakiwa itoke karibu 0.93. Namba ikiwa chini ya 1, maana yake mzigo uliouweka umeshapita kikomo.

Karibuni tujadili.

#2 Mchangiaji (Mwanza)

Mkuu shukrani kwa darasa. Nina swali la msingi. Mara ya kwanza programu ilisema usalama ni mara kumi, mara ya pili inasema inaanguka. Sasa kwa nini tuiamini hata mara moja?

#3 Mleta mada

Swali zuri sana, mkuu. Mara zote mbili ilisema kweli, ila uliiuliza vitu tofauti. Uchambuzi tuli wa kawaida unauliza: kwa umbo hili lilivyo sasa, nikiweka mzigo huu, kani zinagawanyikaje? Ndani ya swali hilo mguu unabaki umenyooka hadi mwisho. Kujipinda ni swali jingine, na programu haikuulizi kama umelisahau.

Kuna kibaya zaidi. Tuseme unafanya huo uchambuzi wa kujipinda, lakini kwenye masharti ya mipaka unabana vichwa vya miguu visiende kulia wala kushoto, kwa sababu modeli ilikuwa inakuletea ujumbe wa hitilafu na ukataka itulie. Kwa kile kisanduku kimoja ulichoweka alama, 0.93 inageuka kuwa 7.6. Chuma ni kilekile na mzigo ni uleule, ila umeongeza ukuta ambao kiwanjani haupo. Ndiyo maana nikipewa ripoti, rangi naziacha za mwisho. Kwanza naangalia viegemeo: imeshikwa wapi, na huko site nani ataishika hivyo?

Ukitaka 7.6 iwe ya kweli, chomelea brasi za X pande zote ili juu pasiyumbe. Hata tukichukua hesabu ya tahadhari, kwamba ncha zote mbili za mguu zina bawaba, mguu unabeba karibu niutoni 45,700 kabla ya kujipinda. Hiyo ni mara tatu na nusu ya mzigo na ziada, kwa gharama ya vipande vichache vya engo. Na hizo bado ni namba za mguu ulionyooka kikamilifu, wakati paipu halisi huja zikiwa na kaupinde. Kwa hiyo kikomo cha kweli kiko chini ya hapo, na viwango vya ujenzi vina njia ya kukishusha.

#4 Mchangiaji (Mombasa)

Ndugu, hili la kuamini picha si la mafundi wadogo pekee. Waliosoma uhandisi wa bahari wanakijua kisa cha Sleipner A. Tarehe 23 Agosti 1991, kwenye fiodi karibu na Stavanger, Norwei, walikuwa wanazamisha taratibu msingi wa zege wa jukwaa la gesi ili kuujaribu. Msingi ule ulikuwa na seli 24. Palipokutana kuta za seli palibaki vyumba vidogo vya pembetatu, na maji ya bahari yaliingia humo na kusukuma kuta. Ukuta mmoja ukapasuka, pampu zikashindwa, msingi mzima ukaenda chini na kusagika. Mtikisiko ulisajiliwa kama tetemeko la 3.0 kwenye kipimo cha Richter. Hasara ilitajwa kuwa karibu dola milioni 700.

Hesabu ilikuwa imefanywa kwa NASTRAN, programu iliyozaliwa NASA na kuheshimika dunia nzima. Programu haikuwa na kosa. Wavu, yaani vile vipande (elementi) ambavyo umbo hukatwa ili likokotolewe, kwenye zile pembe ulikuwa na macho makubwa na elementi zilizopindishwa vibaya, ikatoa kani ya kukata iliyo pungufu kwa asilimia 47. Kuta zikafanywa nyembamba, na nondo za pale kwenye maungio nazo hazikufika mbali vya kutosha. Baada ya ajali walirudia hesabu kwa uangalifu, ikaonyesha ukuta ungeshindwa kwenye kina cha mita 62. Ulishindwa kwenye mita 65.

#5 Mleta mada

Asante sana ndugu yangu. Hizo mita 62 na 65 ndizo zinanifanya niipende kazi hii. Hesabu ikifanywa vizuri inakaribia ukweli kiasi hicho, na mwenye kuinyima uangalifu anapoteza jukwaa zima.

Tuje kwenye wavu basi, maana umetajwa.

Mbinu yenyewe ni kukata kitu vipande vidogo, kila kipande kikawa na hesabu rahisi, halafu vyote vikaunganishwa kwenye nodi. Jina la elementi zenye kikomo lilitumiwa na Ray Clough mwaka 1960, baada ya yeye na wenzake kuichapisha kazi ya msingi mwaka 1956 wakishughulikia mabawa ya ndege. John Swanson alianzisha kampuni ya ANSYS mwaka 1970. Zama hizo ilikuwa kazi ya kompyuta za kujaza chumba. Leo ipo mezani kwako, na bado swali ni lilelile: vipande vyako ni vidogo vya kutosha, na ni vya aina inayofaa?

Jaribio ambalo namtaka kila anayeanza alifanye ni hili. Flati ya chuma, upana mm 50, unene mm 10, urefu mm 500. Ishike upande mmoja, upande wa pili isukume chini kwa niutoni 200, iinamie upande wake mwembamba. E, yaani ugumu wa chuma chenyewe, weka MPa 200,000. Kwa mkono ncha inashuka mm 10 kamili na mkazo pale kwenye kishikio ni MPa 120. Namba hizo nimezichagua makusudi ili zikae kichwani.

Sasa iweke kwenye programu kwa elementi za tetrahedroni (piramidi za pembetatu) za daraja la kwanza, zile ambazo CalculiX inaziita C3D4, kipande kimoja kwenye unene. Utaona flati imekuwa ngumu kuliko chuma chochote duniani, inashuka pungufu kabisa ya mm 10. Badilisha ziwe za daraja la pili, C3D10. Bila kupunguza ukubwa wa macho ya wavu, jibu linakimbilia mm 10. Ukishaliona hilo kwa macho yako, hutakaa tena utumie C3D4 kwenye kitu kinachopinda.

Halafu punguza macho ya wavu nusu, tena nusu, ukiandika namba pembeni. Mshuko wa ncha utatulia. Mkazo wa juu kabisa, ule wa pembeni ya kishikio, unaweza kukataa kutulia na kuendelea kupanda kila unapopunguza. Usihangaike kuufukuza. Kona kali ya ndani na kishikio kigumu kabisa kinadharia vina mkazo usio na mwisho, na wavu mdogo unakusogeza tu kuelekea huko. Soma mkazo hatua kidogo kutoka hapo, au ichore ile kona na mviringo wake halisi.

#6 Mchangiaji (Dodoma)

Mkuu naomba majina ya hizo programu na kompyuta inayohitajika. Nina ya mezani ya zamani kidogo, ramu GB 8.

#7 Mleta mada

Mkuu, kama unaanza na unatumia Windows, chukua PrePoMax. Imetengenezwa Chuo Kikuu cha Maribor, Slovenia, na ndani yake inaendesha CalculiX. Unaingiza umbo la STEP, unaweka wavu, viegemeo na mzigo, unapata jibu. Hutakesha ukitafuta vitufe.

Ukitaka kuchora na kukokotoa sehemu moja, kuna FreeCAD, iliyofikia toleo la 1.0 mwezi Novemba 2024. Eneo lake la FEM linatumia Gmsh au Netgen kwa wavu na CalculiX kwa hesabu. CalculiX yenyewe ni kazi ya Guido Dhondt na Klaus Wittig, wahandisi wa injini za ndege kutoka MTU, Munich. Muundo wa faili lake umefuata Abaqus, programu kubwa ya kulipia, kwa hiyo ukilijua la bure, siku ukiajiriwa penye Abaqus hutakuwa mgeni. Elmer ya kituo cha CSC, Finland, inafaa sana kwa joto na kwa mambo yanayochanganyika. Code_Aster ya shirika la umeme la Ufaransa, EDF, ina nguvu kubwa, ila usianzie hapo.

Kompyuta: pesa yako ipeleke kwenye ramu na diski ya SSD kabla ya kitu kingine. Kwa uchambuzi wa uimara kila nodi ina milinganyo mitatu, kwa joto ina mmoja. Modeli ya nodi laki moja ni milinganyo laki tatu, na solva, sehemu inayoitatua milinganyo hiyo, inataka kuiweka yote kwenye ramu. Ramu ikiisha kazi inahamia kwenye diski na dakika zinageuka masaa. GB 8 itakufundisha kila kitu nilichoeleza hapa, GB 16 itakufanyia kazi za karakana. Kadi ya picha ya bei kubwa CalculiX haiihitaji, itakusaidia tu kuzungusha picha. Kama una kiini zaidi ya kimoja kwenye prosesa, weka OMP_NUM_THREADS ilingane na viini vyako, watu wengi wanaiacha inatumia kimoja.

Na stendi ya paipu za mm 3 usiijaze vipande vya ujazo. Tumia elementi za ganda au za boriti. Unene wa mm 3 kwenye urefu wa mita 3 ukiukata kwa tetrahedroni zenye umbo zuri utapata mamilioni, na jibu halitakuwa bora kuliko la boriti chache.

#8 Mchangiaji (Mwanza)

Vipi kuhusu matoleo ya wanafunzi ya makampuni makubwa? Na kraki, mkuu, ukweli ni kwamba wengi ndiyo tunazitumia.

#9 Mleta mada

Matoleo ya wanafunzi ni halali na ni mazuri kwa kujifunza. Ansys wanalo, Abaqus wanalo lenye kikomo cha nodi 1,000. Masharti yake yanakataza kazi ya malipo, hivyo jifunzie hapo, kazi ya mteja ifanyie kwenye programu huria.

Kraki siziungi mkono, nasema wazi. Acha hata hatari ya virusi. Ripoti ya uimara inatakiwa isimame mbele ya mhandisi aliyesajiliwa na bodi, agonge muhuri wake, na siku kukiwa na shida ifunguliwe upya. Ukiulizwa hesabu imefanywa kwa kitu gani unajibu nini? Kwa CalculiX unataja toleo, unatoa faili la .inp lenye modeli yako yote, na mtu yeyote popote anairudia. Kwangu hilo lina thamani kuliko jina kubwa kwenye jalada.

#10 Mchangiaji (Nakuru)

Mleta mada, mimi kazi yangu ni joto. Natengeneza oveni za mkate za matofali. Ndani ukuta unafika 300 °C, ukuta una sentimita 20, nataka kujua nje utakuwa moto kiasi gani ili wafanyakazi wasiungue. Nimejaribu kwenye programu napata jibu tofauti kila nikibadilisha ile namba ya upepo.

#11 Mleta mada

Ndugu yangu, umegusa penyewe, na hiyo namba ya upepo ndiyo kiini cha tatizo lako. Tuifanye kwa mkono, ni kujumlisha upinzani tu.

Tofali chukua k, yaani uwezo wa kupitisha joto, ya 0.8. Upinzani wa ukuta ni 0.2 gawa 0.8, yaani 0.25. Upinzani wa hewa ya nje ni 1 gawa h, ambayo ndiyo hiyo namba yako ya upepo. Hewa ya nje 30 °C.

Ukiweka h ya 10, jumla ni 0.35, joto linalopita ni wati 771 kwa mita ya mraba, na uso wa nje unakuwa 107 °C. Ukiweka 5, sehemu isiyo na upepo kabisa, uso wa nje ni 150 °C. Ukiweka 20, yenye upepo wa kutosha, ni 75 °C. Ona tofauti hiyo: 75 hadi 150, kwa namba ambayo watu wanaiokota mtandaoni bila kufikiri. Hata ukiweka wavu wa nodi milioni hutaipunguza, kwa sababu kutojua kuko kwenye h. Endesha zote tatu, buni kwa ile mbaya.

Ukiongeza sm 5 za kizuia joto chenye k ya 0.1 nje ya tofali, hali mbaya inashuka kutoka 150 hadi kama 87 °C. Bado inaunguza, kwa hiyo ongeza unene au weka kizuizi mtu asiguse.

Kuna jingine ambalo litakusaidia zaidi. Hizo zote ni hesabu za hali iliyotulia. Ukuta wako unatulia baada ya muda gani? Chukua unene, uuzidishe kwa wenyewe, gawanya kwa usambaaji wa joto, yaani k gawa msongamano mara joto maalumu. Kwa tofali la kilo 1,800 kwa mita ya ujazo na joto maalumu la 840, unapata saa 21 hivi. Oveni inayowashwa saa tano kisha ikazimwa haifiki kwenye hali hiyo kamwe. Kuni nyingi za mwanzo zinaenda kupasha tofali tu. Kwa hiyo kama unatafuta kuokoa kuni fanya uchambuzi unaobadilika na muda, na ujaribu kuhamishia kizuia joto karibu zaidi na ndani ili kuwe na tofali chache za kupasha.

#12 Mchangiaji (Nakuru)

Sikuwahi kufikiria hilo la masaa. Nimeingiza kwenye CalculiX kwa milimita, sasa joto la nje linanitokea kama hewa yenyewe, 30 na kidogo sana juu yake. Nimekosea wapi?

#13 Mleta mada

Vipimo, ndugu. CalculiX haijui vipimo, inajua namba. Ukichora kwa milimita na kutumia niutoni, tani na sekunde, k inabaki 0.8 ileile, lakini h ya 10 lazima iandikwe 0.01. Wewe umeacha 10, umeipa oveni upepo mara elfu moja. Msongamano wa tofali ni 1.8e-9, joto maalumu ni 8.4e8. Na ukiongeza mnururisho, thabiti ya Stefan-Boltzmann inakuwa 5.67e-11, pia uiambie sifuri halisi ni -273.15, la sivyo itazipandisha selsiasi kwenye kipeo cha nne.

Kwa wa vyuma, katika vipimo hivyohivyo chuma kina 7.85e-9 na graviti ni 9810. Njia ya haraka ya kukamata kosa: jumlisha kani za viegemeo vyote. Kwenye ile stendi zisipokuja 49,050, usiangalie rangi hata moja.

#14 Mchangiaji (Dodoma)

Nimefanya jaribio la flati kwa PrePoMax. C3D10, ncha imeshuka mm 9.97. Mkazo wa juu ni zaidi ya 120 pale kwenye kona za kishikio, nikisoma katikati ya flati naona 60.

#15 Mleta mada

Safi sana mkuu! Katikati ya urefu nguvu ya kupinda ni nusu, kwa hiyo 60 ndiyo yenyewe, na zile kona ni kishikio kinavyozuia chuma kisitanuke kwa upana. Sasa ishike flati hiyohiyo pande zote mbili, ondoa ule mzigo, ipandishe joto kwa nyuzi 50. Chuma weka utanukaji wa 12e-6. Kwa mkono ni 200,000 zidisha 12e-6 zidisha 50. Andika jibu lako kwenye karatasi kwanza, ndipo uendeshe, kisha uweke hapa faili la .inp na picha ya wavu bila rangi.